Uzito Haupotei: Hotuba kwa Wanagenzi wa Uashi wa Amana

Mafundi wakuu, mafundi wenzangu, wachoma chokaa, wachimba mawe, na hasa nyinyi wanagenzi mliofungwa mkanda wa katani leo asubuhi, hamjambo.

Kuchonga mnajua. Kuta mmejenga, na timazi zenu zimenyooka. Leo nimetakiwa niwafungulie mlango wa kazi ambayo watu wakiiona kwa mbali huiita uchawi: jiwe la frasila 4, karibu kilo 64, linapanda jukwaani begani mwa kijana mmoja, naye anazungumza huku anapanda, wala pumzi haimkatiki. Kabla sijagusa jambo jingine, nataka hili liwakae. Uzito haupotei. Jiwe likiwa jepesi mkononi mwako, uzito wake upo, umelala ndani ya jiwe jingine, unangoja kurudi. Sisi hatuuondoi, tunauweka amana. Na amana ina mwenyewe, na siku ya mwenyewe kuidai inajulikana. Jengo letu tunalijenga kwa ajili ya siku hiyo.

Tuanze machimboni, kwa kuwa kazi ikiharibika huko hakuna wa kuitengeneza juu. Amana moja ni mawe mawili. Lile linalotoa uzito tunaliita mweka, na lile linaloupokea tunaliita mshika. Tunawataja kama watu, na nyinyi mtawataja hivyo hivyo, kwa kuwa kila mmoja ana namba yake daftarini na mwenzake mmoja tu. Mweka na mshika lazima watoke mwamba mmoja, tena tabaka moja. Mwamba mmoja peke yake hautoshi. Mawe ya tabaka mbili hupokeana vizuri alfajiri, kisha jua likishika, moja hutanuka kuliko mwenzake, na uzito unaanza kurudi kidogo kidogo bila mtu kuuita. Mkitaka kuwatambua ndugu, waning'inizeni kwa kamba na muwagonge kwa mpini wa nyundo. Ndugu wana mlio mmoja, mkubwa mzito na mdogo mwembamba, lakini ni sauti ya nyumba moja. Jiwe lenye ufa ndani hulia mlio mfu, kama chungu kilichopasuka. Hilo litoeni kabisa, hata likiwa zuri kiasi gani kwa macho.

Mshika asiwe chini ya mara 3 ya uzito wa mweka. Mweka wa frasila 4 anataka mshika wa frasila 12 au zaidi. Akipokea kupita theluthi ya uzito wake mwenyewe, mshika hupasuka ndani kwanza, na ukija kuuona ufa nje, amana imekwisha kurudi. Tena alazwe kama alivyolala mwambani, tabaka zake zikiwa bapa. Jiwe lililosimamishwa wima huachia magamba hata katika ukuta wa kawaida. Jiwe lenye amana ndani hufanya hivyo kwa usiku mmoja.

Sasa chokaa. Najua wengi wenu mnaiona kazi ya chokaa kuwa ya watu wa chini. Jitoeni mawazo hayo. Chale, ile mikato tunayoichonga juu ya jiwe ili ihifadhi amana, zisipokuwa na chokaa nzuri ni mikwaruzo tu.

Mawe ya chokaa yachomwe mpaka moyo wa tanuri uwe mwekundu unaokaribia manjano, na moto uendelee mchana na usiku. Ukitia frasila 100 tanurini, tegemea kutoa kama frasila 56, kwa kuwa iliyobaki imeondoka na hewa. Hiki ndicho kipimo chenu. Pande lililotoka tanurini na bado zito mkononi halijaiva katikati, lirudisheni motoni. Katika kuzima, tieni maji kwanza kwenye shimo, kisha chokaa kidogo kidogo. Anayemwaga maji juu ya lundo la chokaa mbichi huirushia macho yake mwenyewe, maana huchemka na kuruka, na macho yaliyoungua kwa chokaa hayana dawa ya haraka zaidi ya maji mengi safi, papo hapo. Ikishatulia, chujeni na muiache ilale chini ya maji ya kina cha vidole 4, isipungue miezi 3. Ukiichota kwa mwiko ikasimama kama siagi baridi na isikwaruze kati ya vidole, iko tayari.

Kwa udongo wa kujengea, changanyeni chokaa 1 kwa mchanga 3. Ila msiikariri hesabu hiyo bila kujua ilikotoka. Jazeni ndoo mchanga mkavu, mimineni maji polepole mpaka yafike usawa wa mchanga. Maji yaliyoingia ndiyo nafasi tupu iliyokuwamo kati ya chembe, na chokaa yenu ni ya kujaza nafasi hiyo. Mchanga wenye chembe za ukubwa mbalimbali hunywa theluthi hivi. Mchanga wa chembe sawa sawa hunywa zaidi, na fundi anayeutilia chokaa ileile anajenga kwa udongo wenye njaa. Mkijenga penye maji, tieni unga wa matofali yaliyochomwa, kwa kuwa chokaa tupu hugandishwa na hewa, na chini ya maji hewa haifiki.

Sasa chale zenyewe. Kila jiwe lina chale 3, urefu wa shibiri, kina cha punje ya mchele, upande wa juu wa tabaka. Twangeni kipande cha mshika na kipande cha mweka, kila kimoja mbali. Changanyeni vibaba 2 vya chokaa iliyolala na kibaba 1 cha unga wa jiwe. Halafu, hapa ndipo wengi hukosea, unga wa mshika uingie chale za mweka, na unga wa mweka uingie chale za mshika. Ukimpa kila mmoja unga wake mwenyewe hakuna kitakachotokea, utakaa pale mpaka jua kali ukidhani jiwe ni bovu.

Uzi unaopitisha uzito kutoka kwa mweka kwenda kwa mshika ni katani ya nyuzi 7 zilizosokotwa, iliyolala usiku kucha katika maji ya chokaa. Ufungwe kutoka chale ya kati ya mweka mpaka chale ya kati ya mshika, usizidi dhiraa 40, na uwe umekazwa. Kazi hii hufanywa alfajiri, mawe yakiwa bado na baridi ya usiku. Mweka awe amelala kwenye mizani, na upande wa pili wa mizani wekeni kipimo cha thumni, yaani moja ya nane, ya uzito wake. Kwa jiwe la frasila 4, thumni ni nusu frasila. Juu ya mshika wekeni bakuli pana la maji. Uzito ukianza kupita mtaona maji yanatetemeka kutoka ukingoni kuelekea katikati, kinyume na tone linapoanguka. Msimshangae mshika. Tazameni mizani. Mkono wa mizani ukilingana tu, kata uzi, tena ukate upande wa mweka kwanza. Anayekata upande wa mshika anabaki na uzi ulioshiba uzito, na uzi huo utauangusha popote utakapogusa.

Na hilo la kugusa nalisema mara mbili kwa makusudi. Uzi usiguse kitu chochote njiani: ubao wa jukwaa, ukuta, kamba nyingine, mguu wa mtu. Chochote ukikigusa, kinashika sehemu ya amana bila kuwa na chale za kuihifadhi. Jukwaa likilia na hakuna aliyepanda, acheni kila kitu mtazame uzi umepita wapi.

Mtaniuliza, thumni ya nini? Kwa nini tusiutoe uzito wote? Kwa sababu jiwe lisilo na uzito kabisa halikai. Udongo chini yake haubanwi, haujai kwenye vinyweleo vya jiwe, na ukija kulirudishia uzito wake, kiungo kinakuwa na mapovu ya hewa ndani. Thumni inatosha kulikalisha jiwe na kuubana udongo mpaka unachungulia ukingoni kwa upana wa kidole kidogo. Udongo ukichungulia pande zote sawa, jiwe limekaa.

Kuna hatari nyingine ambayo huwakumba wanagenzi katika mwezi wa kwanza, na vidole vimekatika kwa sababu yake. Amana inachukua uzito tu. Ukaidi wa jiwe haiuchukui. Jiwe jepesi ukilisukuma, huanza kwenda kwa shida ileile ya frasila 4, na likishakwenda, kulisimamisha ni shida ya frasila 4. Mkono wako unaona wepesi unapolinyanyua na unakudanganya unapolisogeza. Kwa hiyo jiwe jepesi halirushwi, halidakwi, na halisimamishwi kwa kiganja likielekea ukutani. Lisogezwe kwa watu wawili, mmoja mbele na mmoja nyuma, mwendo wa mtu anayebeba maji yaliyojaa ndoo.

Sasa nifike kwenye jambo linalonifanya nisimame hapa leo, nalo si wakuu wote walioketi mbele yangu wanaolipenda. Nasema kwa heshima yao. Mazoea ni kuwaweka washika uani. Ua ni mahali pa starehe: pana kivuli, mtunza daftari anapita na kalamu yake, mawe yamepangwa safu safu juu ya mchanga, na chini ya kila jiwe mchanga umejikunja kama ngozi ya kiwiko. Unaona kila kitu. Lakini tazameni ardhi ya jengo lenyewe wakati huo. Kuba zima linapanda juu ya msingi likiwa na thumni tu ya uzito wake. Msingi haujui kinachokuja. Udongo chini yake haujabanwa. Halafu siku ya kurudisha, uzito wote unashuka kwa mara moja kwenye ardhi ambayo haikuzoeshwa. Jengo kukaa chini kidogo si msiba. Kila jengo hukaa. Msiba ni upande mmoja kukaa zaidi ya mwingine, na ardhi iliyopakiwa kwa ghafla haina subira ya kukaa sawasawa.

Ninachoshauri ni kwamba mawe ya msingi yenyewe ndiyo yawe washika. Kila mweka wa kuba awe na mshika wake chini ya ukuta uleule utakaombeba. Hapo uzito ukiwekwa amana, ardhi inaubeba tangu alfajiri ileile. Ukirudishwa, unatoka kwenye msingi na kuingia kwenye kuba, na ardhi haioni tofauti, maana jumla ni ileile na mahali ni palepale. Anayeonja jambo jipya siku hiyo ni ukuta wa katikati, na huo mnaweza kuukagua kwa macho na kwa timazi.

Gharama yake siifichi. Kuba la pete 14 linataka mawe yapatayo 330, basi na msingi unataka washika 330 waliotoka tabaka zilezile. Maana yake ni kwamba kuba lichorwe, lihesabiwe na kuchongwa kabla ya jembe la kwanza kuingia ardhini. Mwenye jengo anayebadili mawazo katikati hawezi kujengewa hivi. Handaki la msingi nalo libaki wazi upande wa ndani mpaka kuba limalizike, ili chale zionekane, na liezekwe vizuri. Mvua ikiingia kwenye chale mbichi huiosha chokaa, na amana inarudi saa hiyo hiyo. Ndiyo, ni kazi zaidi. Lakini mshika aliye chini ya ukuta haibiwi, hagongwi na mkokoteni, wala hachukuliwi kwa makosa na fundi mgeni anayetafuta jiwe zuri la kizingiti. Jiwe la uani hupatwa na hayo yote, na kila mara mtu aliye juu ya jukwaa ndiye anayelipa.

Muda. Amana hukaa mpaka chokaa ya chale igande yote, nayo hugandia nje ikielekea ndani. Kiangazi hesabuni usiku 30. Baada ya hapo uzito unarudi wenyewe, mkiwa tayari msiwe tayari. Pete moja kwa siku 2, pete 14 ni siku 28, na mnabaki na siku 2 za akiba. Siku hizo si za mapumziko. Mkiona pete ya tisa imechelewa kwa siku 2, msiendelee kwa matumaini. Rudisheni uzito wa pete za chini, zile zilizofungwa, kisha mwendelee na za juu kwa utulivu. Mnaweza kufanya hivyo kwa kuba na hamuwezi kwa tao, na ni lazima mjue kwa nini.

Kuba hujengwa kwa pete, na pete iliyofungwa hujishikilia yenyewe: kila jiwe linataka kuangukia ndani na majirani zake wanalibana. Ndiyo maana kuba lenye tundu kileleni husimama. Lifungeni mpaka pete ya tano, sita au kumi, lilipieni uzito wake wote, litasimama. Tao halina pete. Nusu ya tao si kitu. Kwa hiyo tao hubaki na amana zake zote mpaka jiwe la kilele liingie, na kiunzi cha kulibeba kiwe bado chini yake.

Kurudisha kuna adabu yake. Mwenye haraka hukwangua chale kwa tindo na uzito unarudi kwa pumzi moja, kishindo kinasikika hadi nje. Msifanye hivyo kamwe juu ya udongo mbichi. Lowesheni kitambaa, kilazeni juu ya chale za mweka jioni, na kiwe kinatiwa maji kila saa mpaka alfajiri. Chokaa inalegea polepole, uzito unashuka usiku kucha, na udongo unapata nafasi ya kujibana bila kupasuka. Katika kuba, anzeni na pete ya chini na mpande, na katika kila pete rudisheni kwa jozi zinazotazamana. Kabla ya yote, mkanda wa kitako cha kuba uwe umefungwa na kukazwa, wa chuma au wa mbao ngumu zilizoungwa kwa vipingo. Kuba zito husukuma kitako chake nje. Nyufa za wima zinazoanzia chini na kupanda, kama ganda la chungwa linalofunguka, zinasema mkanda ulilegea. Msizijaze lipu mkaondoka. Simamisheni kurudisha, kazeni mkanda, wekeni vipande vyembamba vya kioo juu ya ufa kwa udongo wa chokaa, na mngoje. Kioo kikivunjika, ufa bado unatembea.

Katika tao, jazeni kwanza nyuma ya mabega, yaani pande mbili za tao chini ya kilele, kisha rudisheni kushoto na kulia pamoja, mkipokezana na jiwe la kilele ili lisiachwe jepesi peke yake. Tao litawaambia mnakokosea, mkitazama kiungo cha kilele. Kikifunguka upande wa juu, mabega yamezidiwa na kilele kinainuliwa, basi ongezeni uzito kileleni. Kikifunguka upande wa chini, kilele kimetangulia kulipwa na mabega yanatoka nje, basi nendeni mabegani. Upana wa unywele unatosha kuwaonya. Mkisubiri mpaka karatasi ipite, mmechelewa.

Mambo mawili ni marufuku, na sitayarefusha. Mshika mmoja hashiki amana mbili, hata akiwa mkubwa kama nyumba, kwa kuwa zikirudi hazijui ni ipi ya nani. Na mshika hawekewi amana yake kwa jiwe jingine ili naye awe mwepesi. Mlolongo wa namna hiyo ukikatika mahali pamoja, wote hurudi kwa pumzi moja.

Kesho alfajiri tunaanza na tao la mlango wa kusini, mawe 11. Washika wao wako msingini tayari, namba 1 mpaka 11, na chale zimechongwa bado tupu. Waliopangiwa uzi walaze katani usiku huu. Waliopangiwa unga waje na vyombo viwili vilivyoandikwa, kimoja cha mweka na kimoja cha mshika, na asiwepo atakayeazima kijiko cha mwenzake. Mtunza daftari atasimama langoni. Mtu asiyeweza kumtajia namba ya jiwe lake na ya mwenzake, hapandi.